Siku Mkaguzi Alipokunywa Chai kwa Devu

Devu Dumada aliyaharibu mwenyewe, kwa mdomo wake, na mkewe Ratni alikuwepo akimsikia.

Binti yao Nayana alikuwa amepata nafasi ya kusomea udaktari, katika zile ambazo serikali imewatengea watu wa makabila ya asili yaliyoachwa nyuma, kama lao la Wawarli. Kilichobaki ni cheti kimoja tu, cha kuthibitisha kwamba ni Mwarli kweli na si mjanja wa mjini aliyejipachika kabila. Chuo kilimpa mpaka Alhamisi jioni kukipeleka. Ikipita hapo, nafasi anapewa mwingine. Na cheti hakitoki mpaka mkaguzi afike nyumbani kuuliza mila.

Basi siku ya mkaguzi, Devu, karani wa shule, mtu wa shati la kupigwa pasi, aliamka na kazi moja: kuufuta Uwarli nyumbani kwake. Waghoba, mungu wao wa chui, alitiwa guniani akatupwa darini. Michoro ya arusi ambayo Ratni aliichora ukutani kwa unga wa mchele ikapakwa rangi ya buluu. Juu yake ikatundikwa picha ya Ganapati, mungu wa watu wa mjini, mpya kutoka sokoni.

"Baba Nayana, huyo mtu anakuja kuutafuta Uwarli," Ratni alisema. "Ataukuta wapi?"

"Wewe nyamaza. Anakuja msomi wa watu. Unataka atukute kama washenzi?"

Ratni akanyamaza. Alikuja kujilaumu kwa hilo baadaye, ingawa wa kulaumiwa alikuwa mwingine.

Mkaguzi alikaa kwenye kiti cha kuazima, akafungua jalada. "Arusi zenu anafungisha nani?"

"Brahmini, mheshimiwa. Miaka yote."

Sinia nusura limponyoke Ratni. Brahmini gani, kuhani wa tabaka la juu, aliyewahi kukanyaga kwao? Arusi yao wenyewe aliifungisha mama yake, dhavaleri, yule mama mwimbaji ambaye asipoimba, kwa Wawarli hapajaolewa mtu.

"Mnamwabudu nani?"

"Ganapati, kama watu wote."

"Tembo mnakunywa?"

"Aka, mheshimiwa. Sisi hatuligusi." Hata kope hakupepesa, na jana yake alikuwa amemaliza kibuyu kizima peke yake.

Mkaguzi aliandika yote, akanywa chai, akaisifu, akaenda zake. Devu alikenua siku nzima. "Umeona alivyoniheshimu?"

Jumatano jibu likaja: mila za familia hii si za Wawarli. Wakitaka kujitetea, wafike kesho asubuhi mbele ya kamati.

Walifika. Safari hii alisema Ratni. Alieleza Waghoba anapewa nini mavuno yakiiva, na mama yake alivyokuwa akiwaita miungu kwenye arusi, mmoja baada ya mwingine. Walipomwomba aimbe aliimba, mbele ya wanaume watatu na feni. Nayana alikuwa akimtazama mama yake kwa matumaini mpaka inauma.

"Mama, umekariri vizuri," mwenyekiti alisema. "Nani kakufundisha?"

"Mama yangu mzazi."

"Juzi mlikuwa na Brahmini, leo mna dhavaleri. Kila mwaka tunaletewa watu waliofundishwa majibu."

Devu akasimama. "Mheshimiwa, mimi ndiye niliyedanganya. Niliona haya tu."

"Ulidanganya lini? Siku ile, au leo?"

Jalada likafungwa, akaitwa mwingine.

Jioni walikuwa bado kwenye benchi la kituo cha treni. Nayana alitazama simu, akamwonyesha mama yake. Nafasi imefutwa. Miaka miwili Nayana alisoma usiku akisinzia, na yote ikaishia kwenye simu.

"Tutakata rufaa," Devu alisema. "Namjua wakili mmoja hapa mjini. Mwakani tutaanza upya."

"Tutakata," Ratni alimjibu. "Na huyo wakili akikupa chai, Baba Nayana, utamwambia sisi ni kina nani?"