Maji Chini ya Lori

…sikujua, neno moja tu, hata mtoto aliyevunja kikombe hulitamka bila kufundishwa, na Waithera ameshaapa, Biblia bado iko mkononi kwa sababu karani amesahau kuipokea, na hakimu ameshauliza, mama huyu alijua lori lake linabeba mchanga wa mto bila kibali au hakujua, karani naye anamrudishia swali kwa Kiswahili kana kwamba hakulisikia, alilisikia, analisikia tangu siku polisi walipolikamata lori la Ndegwa, mumewe, Mungu amlaze pema, ambaye hakumwachia kitu kingine ila ng'ombe wawili na hilo lori, na sasa linakaa kituoni nyasi zikiota kwenye magurudumu, na serikali inataka lisirudi kabisa… asubuhi hii wakili wake, Natalie, binti mdogo lakini mkali, alimshika bega pale kwenye ngazi, "Mum, sema tu hukujua. Mwenye gari akiwa hakujua, korti inamrudishia. Ukianza stori ingine, hiyo lori tusahau," na kuna ugumu gani, kwani aliambiwa na nani, Ooko amemwendeshea lori miaka tisa na hajamwambia hata siku moja amepakia wapi… ila nani alimkataza, ni yeye, jikoni kwake Dundori, akimmiminia chai, "Ooko, mahali umepakia usiniambie. Wewe niambie tu mzigo umefika," na Ooko akacheka, "Sawa mathe, mimi sina mdomo," na kweli hakuwa nao, hata polisi walipombana alisema alijipangia safari mwenyewe, mama hajui kitu, na ndiye yule pale kwenye benchi ya washtakiwa, amevaa shati la kanisani, anatazama viatu, kesi yake itafuata baada ya hii, na mama akiapa kwamba hakujua, basi mwizi ni Ooko peke yake, Ooko aliyeshika jeneza la Ndegwa upande wa kichwa, Ooko mwenye watoto wanne… kiongozi wa mashtaka anafunua karatasi, anasema kitu kuhusu kingo za mto kuporomoka na shamba la mtu kwenda na maji, Waithera anasikia nusu, anawaza kuku, mbona kuku sasa, ni kuku wake wale wa kienyeji, kila asubuhi Ooko alipopita nyumbani kunywa chai akingoja mafundi wafungue kazi, lori likisimama limejaa kando ya banda, kuku walikuwa wakikimbia kwenda chini yake, na ni Januari, kiangazi, vumbi hadi kwenye kope, mchanga wa timbo, ule wa machimboni, huja mkavu unapeperuka, Ndegwa mwenyewe alimfundisha, wa mto ndio hudondosha maji njia nzima kutoka Lanet mpaka langoni, njia ya mwongo ni fupi lakini ile ilikuwa ndefu na imelowa yote, na kuku wakinywa, wakiinua shingo, wakinywa tena, na yeye amesimama mlangoni na kikombe chake, anawatazama, anafurahi, naam, alifurahi kwamba leo hatawachotea maji… "Mama, tunangoja," anasema hakimu, si kwa ukali, na Natalie anatikisa kichwa polepole kumhimiza, sema, mum, sema, na aibu inampanda Waithera, wala si ya watu hawa, ni ya kile kikombe na ile furaha… Ooko hajainua uso, karani hajaipokea Biblia, hakimu bado ameshika kalamu, na lile neno alilokuja nalo kutoka nyumbani analitafuta mdomoni halipo, lori litakwenda, na liende, kwa sababu atasemaje kwamba hakujua, na hata kuku wake walijua…