Mzigo wa Hedda Kronau

Kengele ya mlango wetu hapa Chemnitz, Ujerumani, imeandikwa Lehmann. Lehmann hayupo, hajawahi kuwepo. Nipo mimi, Hedda Kronau, mwandishi wa habari niliyezeekea kwenye kuwachimba Wanazi mamboleo: nani anawapa silaha, nani anachoma nyumba za wakimbizi, polisi gani anafumba macho. Kwa sababu Wanazi hao wananisaka, tumeshahama mara tatu. Mume wangu Jost, mtu wa utulivu, alishaniambia tukihama tena yeye anaenda kwa dada yake mjini Rostock, na hanichukui.

Basi nikajifanya bingwa wa kujificha. Hata waandishi chipukizi nawafundisha, kidole juu: usitaje mtaa wako, usijipige picha dirishani.

Mwaka huu nikapewa tuzo ya ujasiri, kipande cha kioo kizito chenye jina langu. Waliponiuliza wakitume wapi, ningeweza kusema ofisini. Lakini ofisini mhariri angekiweka kwenye kabati lake, na mimi kichwa kilikuwa kimeshavimba. Nikawaandikia: Hedda Kronau, kwa Lehmann, pamoja na mtaa na namba ya nyumba.

Mzigo ulipofika, mimi na Jost tulikuwa Berlin, ambako nilikuwa nikihutubia juu ya usalama wa waandishi. Mleta mizigo akamwachia Bi Opitz wa chini, mjane anayepokea vifurushi vya jengo zima na kuona fahari. Tuliporudi Jumamosi, Jost akatangulia juu na mabegi kupitia mlango wa nyuma. Mimi nikazunguka mbele kutazama barua, nikakuta karatasi imebandikwa kwenye mlango wa barabarani, wino mwekundu: "Mzigo wa HEDDA KRONAU, anayekaa kwa Lehmann, uko kwangu. Opitz."

Nikaibandua, nikagonga kwake.

"Bi Opitz, hii imekaa hapo tangu lini?"

"Tangu Alhamisi. Nyie nanyi hamwonekani. Kumbe Kronau ndiye wewe? Sasa Lehmann ni nani, yule bwana?"

"Kuna mtu kauliza?"

"Vijana wawili, jana. Wana adabu hao, siku hizi huwapati. Wakataka wakupandishie mzigo juu, nikakataa, nikasema mwenyewe aje. Wakaipiga picha ile karatasi, wakasema watarudi mkiwepo."

Nikapanda na boksi kifuani. Jost alikuwa jikoni akimenya viazi. Nikamweleza yote, karatasi na vijana, nikaruka sehemu moja tu.

Akaweka kisu chini. "Anwani yetu kaitoa nani?"

Nimewahi kumsaka mvujisha siri mmoja kwa miaka, nisimpate. Huyu wa leo sikuhitaji hata kuvua koti.

"Mimi," nikasema.

Jost akanawa mikono, akaikausha taratibu. Kisha akaenda chumbani, na katika yale mabegi yetu mawili ambayo hatujayafungua, akachukua la kwake.