Mwendo wa Kiduara cha Kahawia

Mwaka 2008 ulipoanza, Shruti alikosa kazi. Alikuwa akihariri video za harusi katika studio ya familia yake mjini Nakuru, na baada ya zile fujo za uchaguzi watu waliahirisha sherehe. Basi akawa anakaa mbele ya kompyuta akichezea programu ya katuni, anasogeza maduara na mistari ya rangi, akijiuliza kama umbo lisilo na uso linaweza kuonekana limekasirika, au linaona haya.

Mwezi wa Aprili akaingia Waithera, mwalimu kutoka Molo. Nyumba yake ilichomwa pamoja na kanda ya harusi yake, akataka kujua kama studio ilibaki na nakala. Shruti akatafuta kote asiipate. Alipogeuka kumwomba radhi, alimkuta ameinamia skrini, anatazama kiduara cha njano kikitetemeka pembeni.

"Hiki kinaogopa nini?" Waithera akauliza.

Shruti akashangaa, maana hakuwa amemweleza mtu kwamba kinaogopa. Akamuuliza angependa kifanye nini. Waithera akavuta kiti. Alitaka kiduara cha pili, cha kahawia, kikae karibu na hicho. Kisha wekundu uinuke kutoka chini, na cha kahawia kiondoke mbio bila kugeuka. Walipomaliza ndipo akaeleza kwamba siku waliyokimbia, mumewe Kimaiyo alienda kwao Rongai, naye akaja kwa dada yake Nakuru. Kwa sababu ya makabila yao, yeye hangekuwa salama kule, wala Kimaiyo hapa. Tangu hapo, kwenye simu huulizana habari za afya tu.

Mji ulipotulia zaidi, Waithera alirudi studioni pamoja na mumewe. Shruti alitarajia mtu mkali. Aliyeingia alikuwa mrefu, mpole, kofia mkononi. Kimaiyo aliitazama ile filamu fupi, akaomba irudiwe, kisha irudiwe tena.

"Si hivyo," akasema mwishowe. "Mimi sikuenda mbio."

Akamwomba Shruti apunguze mwendo. Shruti akapunguza. Bado. Akapunguza tena, mpaka kiduara kikawa kinajikokota, kinasimama, kinasonga kidogo.

"Hapo kilisimama?" Waithera akauliza.

"Kilisimama. Pale kwa daraja. Nilingoja uniite."

"Nilidhani ushafika mbali."

Shruti aliinuka awaache, lakini Waithera akamzuia. Hata hiki cha njano hakiko sawa, alisema. Kiligeuka kuangalia nyuma. Wakaanza kubishana kiligeukia wapi hasa, na Shruti akakaa tena, akakisogeza.