Ukurasa wa 1919

Kila asubuhi saa mbili nilifika kwa Bibi Ingegerd, Hässelby, nikavua koti, nikachemsha kahawa, nikampa vidonge vyake, kisha nikatoa albamu kwenye kabati la vioo. Hapa Sweden watu huitana majina matupu, hata mtu wa miaka themanini na minane. Ulimi wangu ulikataa. Nilimweleza maana ya "Bibi", akacheka, akalikubali.

Kila siku ukurasa mmoja. Baba yake, Torvald Ekbom, alikuwa mwigizaji wa filamu bubu. Alianza mwaka 1912 kwa kubeba viti studio, hadi siku mwigizaji mmoja alipougua na yeye akavikwa joho la kasisi mlevi. Baada ya hapo alizama mtoni mara tano, akaanguka kutoka juu ya mapaa, akafa kwenye theluji akiwa amevaa soksi za mkewe kwa baridi. Filamu zilipopata sauti, yake ikasikika nyembamba mno. Akamalizia kazi akichana tiketi mlangoni mwa sinema.

"Lakini usikimbilie mwisho," Bibi alinionya Jumatatu. "Bado tuko 1918."

Jumanne nilivuta mlango wa kabati, haukufunguka. Ufunguo haukuwepo.

"Leo tusiangalie," alisema, macho yake yakiwa kikombeni. Kisha: "Jana ulipofuta vumbi, ulifunua kurasa za mbele?"

"Hapana, Bibi."

Alisukuma kikombe pembeni.

Jioni nilimpigia shangazi yangu Winifrida, anayefanya usafi uwanja wa ndege na kuishi Märsta.

"Mzungu akifunga kabati, Gaudiosa, ujue keshahesabu vijiko."

"Labda amechoka tu, Shangazi."

"Labda! Na hayo majaribio yako yanaisha lini?"

"Ijumaa. Msimamizi atakuja saa tatu kumuuliza kama nibaki."

"Basi nisikilize mimi niliyesafisha nyumba za watu miaka kumi na tisa. Mkoba uache mlangoni, wazi, kila mtu aone kilichomo. Na koti usilitundike. Koti lililotundikwa hukutwa na vitu vya watu mifukoni. Livae!"

"Humo ndani joto, Shangazi."

"Jasho halijamfukuzisha mtu kazi."

Nilitii. Jumatano nilisimama jikoni na koti limefungwa hadi shingoni, jasho likinitiririka mgongoni. Bibi alilitazama koti, akautazama mkoba ulioachwa wazi mlangoni. Alhamisi hakumaliza hata mkate. Nilipokuwa nikiandika kwenye daftari la zamu, aliuliza, "Unaandika nini?"

"Kwamba umekula nusu kipande."

"Hayo tu?"

"Hayo tu, Bibi."

Nilikuwa nimesomea kazi hii mwaka na nusu. Nani angemchukua msichana aliyeondolewa kwenye nyumba yake ya kwanza kwa kushukiwa wizi?

Ijumaa, nilipochota kahawa, kijiko kiligonga kitu chini kabisa ya kopo. Ufunguo. Nilibaki nao kiganjani. Nikiurudisha, ataona kahawa imechotwa na kujua nimeuona. Nikifungua, nimejimaliza. Nilikwenda nikamkabidhi kwa mikono miwili, kama nilivyofunzwa kumpa mkubwa kitu.

Akabadilika rangi. "Umefungua."

"Sijafungua."

"Umeshaona. Tangu Jumatatu."

Sikuwa nimewahi kumpandishia mtu mzima sauti. Siku ile ilipanda yenyewe. "Bibi, unadhani mimi ni mwizi?"

"Mwizi?" Alilirudia neno kama mtu aliyekabidhiwa mzigo usio wake. Kisha akainuka, akafungua kabati, akaweka albamu mezani na kufunua ukurasa wa 1919.

Torvald alikuwa amepakwa masizi uso mzima ili aigize mtumishi Mwafrika, midomo imechorwa minene na myeupe, pete puani, sinia mkononi. Alikuwa anacheka meno yote. Pembeni picha ilikuwa imechanika. Mpasuko ulianzia juu ukafika sikioni pake, ukaishia hapo.

"Ndiyo filamu iliyompa jina," alisema. "Watu walimsimamisha barabarani. Picha hii aliitundika sebuleni mpaka alipokufa. Jumatatu usiku nilitaka kuichana. Nimeshindwa, ni baba yangu."

Niliitazama picha. Ilinichoma, siwezi kusema haikunichoma. Nikautazama pia ule mpasuko ulioishia sikioni.

Kengele ya mlango ililia. Msimamizi. Hakuna kati yetu aliyekwenda kufungua.

"Tangu Jumatano huvui koti," Bibi Ingegerd alisema, akiishika ncha ya mkono wa koti langu. "Mkoba mlangoni, kama mtu wa safari. Nikajua umeiona na unaondoka. Sikuogopa uchukue kitu, Gaudiosa. Niliogopa usirudi."