Sufuria ya Wakio na Beringi ya Mwisho

Nilifika Kishushe nimechoka hata kabla ya kushika spana. Lori la ng'ombe lilinitikisa kutoka Voi tangu alfajiri, na wiki nzima sikuwa nimepumzika karakanani kwetu relini. Mashine ya kusaga ya Mwandawiro ilikuwa imekufa wiki mbili. Ulikuwa mwaka wa njaa, themanini na nne, chakula ni mahindi ya njano ya msaada, na bila mashine watu waliyachemsha mazima. Mama mkwe wa Wakio, jirani wa Mwandawiro, hakuwa na meno. Hiyo ilikuwa siku yake ya nne kunywa maji tu.

Kosa lilikuwa la Mwandawiro. Beringi mpya, ile pete ya chuma yenye gololi, ilikataa kuingia kwenye shafti, mhimili wa mashine, akaiweka juu ya makaa kama anayechoma hindi mpaka ikageuka bluu. Chuma kikifika hapo kimelainika. Mashine ilisaga nusu siku, beringi ikavunjika. Mimi nilikuja na moja tu, na nyingine ilikuwa Mombasa.

Karakanani beringi hupashwa moto ndani ya mafuta ili itanuke, kwenye chombo chenye kipimajoto. Huku niliomba sufuria. Mwandawiro akaanza kutazama viatu vyake. Wakio ndiye aliyeleta yake, kubwa, aliyopikia nyumba nzima.

"Mafuta ya injini yakiingia humu, mama, hutapikia tena."

"Kwani sasa napikia nini, fundi? Chukua."

Niliona aibu. Tuliweka jiko nje, mbali na nyasi, mchanga karibu. Nilining'iniza beringi kwa waya isiguse chini, nikawafukuza waliobeba maji, maana tone moja hurusha mafuta ya moto usoni. Mwandawiro alitaka tuongeze makaa. Nilimnyamazisha vibaya, sikuwa na nguvu za adabu. Kila mara niliinua beringi, nikaipeleka kando, nikaitemea mate. Yalipochemka na kukauka papo hapo, niliishika kwa gunia nikaisukuma kwenye shafti. Iliingia bila nyundo.

Ilipopoa tukawasha injini. Wakio alichukua unga wa kwanza, akaazima sufuria nyingine, akaenda mbio nyumbani. Lori la kurudi Voi lilipiga honi, sikupanda. Nisingeweza kuondoka bila kujua kama yule mkongwe amekula.

Alirudi polepole.

"Amemaliza bakuli," akasema. "Anauliza kama kuna jingine."

Nililia mbele ya watu wote, na sikujali.