Mke wa Jumatatu

Mashine ya kushona mipasuko ya wakati ina ukubwa wa cherehani ya mkono. Vitabuni ina jina refu. Sisi mafundi tunaiita Mkwe, maana haifokewi wala haiharakishwi. Nilijifunza kuitumia katika shule ya usiku, nikiwa na miaka thelathini na minane na watoto wanne, nikafaulu nikiwa wa pili darasani. Yule wa kwanza aliacha kazi mwaka uleule, kwa hiyo nihesabuni mnavyopenda.

Jumatano moja mchana, kinyozi jirani yetu alikuja mbio na kitana mkononi.

"Mzee, kwa shemeji kumechanika!"

Mke wangu ni fundi nguo. Mpasuko ulikuwa katika chumba chake cha kazi, kati ya meza ya kukatia na ukuta: ufa kama wa pazia, kimo cha mtu, na ndani yake kilionekana chumba kilekile kama kilivyokuwa Jumatatu asubuhi. Mwenyewe hakuwepo. Nikadhani ametoka bila kuniaga, kwa sababu tulikuwa hatusemezani. Jumanne nilikuwa nimemsahihisha hesabu ya yadi mbele ya wateja watatu. Hesabu yangu ilikuwa sawa. Nilikosea mahali pa kuisemea.

Kabla ya kushona, fundi huita mara tatu. Mshono ukishafungwa, yote yaliyofanywa mle ndani hufutika, na aliyebaki humo haonekani tena. Kwa miaka thelathini na mmoja sikuwahi kupoteza mtu.

"Kuna mtu ndani?" niliita mara zote tatu. Kimya. Nikaanza kushona kutoka chini.

Nilipofika usawa wa kiuno, mguu wangu ukasukuma mabaki ya vitambaa sakafuni, na hapo nikaziona kandambili zake. Alikuwa amezivua kwenye ukingo wa mpasuko, kama mtu anayeingia nyumba ya watu. Juu ya meza lilikuwepo gauni la bibi harusi lenye mkono mmoja mfupi kuliko mwenzake, kosa alilolifanya Jumatatu. Basi alikuwa ameingia kuuzuia mkasi wake mwenyewe. Ningemwambia kwamba haisaidii, lakini nani angeniuliza? Na nilipoita alinisikia vizuri. Hakuitika kwa sababu alikuwa amenuna.

Mshono ukipita nusu, mpasuko hujifunga wenyewe. Wangu ulikuwa umepita.

"Mama watoto! Toka haraka!"

"Abee!"

Akaja akitokea uani, akitabasamu, utepe wa kupimia shingoni. Nikapenyeza mkono, akaushika, nikaanza kumvuta. Kisha nikamtazama tena. Ananitabasamia? Mke wangu simjui kwa kusamehe upesi.

"Jana nilikukosea nini?" nikamuuliza.

"Jana? Jumapili nzima ulilala gazeti likiwa usoni. Kuna kosa hapo?"

Nikauachia ule mkono. Ufa ulikuwa umebaki upana wa mabega.

"Mke wangu," nikapaza sauti kuelekea nguo zilizotundikwa kule nyuma, "jana nilikuaibisha mbele ya watu. Hata kama hesabu..."

"Hata kama nini?" Sauti ilitoka nyuma ya makoti, kali kama siki. Sijawahi kufurahia kufokewa namna ile.

"Hata kama hakuna! Nilikosa."

"Sema tena, huyu mwenzangu naye asikie."

"Nilikosa! Toka, unafungiwa!"

Akajitokeza peku, uso umemvimba. Yule wa Jumatatu akampisha, kisha akamsukuma kwa nyuma.

"Inua mguu," nikamwambia.

"Na miaka sitini na minne hii? Fumua huo mshono nipite kama mtu!"

"Haufumuki!"

Kinyozi, aliyekuwa amenifuata hadi mle chumbani, alimshika mkono mmoja, mimi mwingine. Tulivuta kama watu wanaong'oa muhogo, tukaanguka wote watatu juu ya vitambaa. Nyuma yetu mpasuko ukajifunga kwa mlio mdogo, kama zipu. Nikahesabu watu chumbani. Nikahesabu tena. Tulikuwa watatu.

"Na gauni, shemeji?" kinyozi akauliza, akihema.

Mke wangu alilitazama. Mkono ulikuwa mfupi vilevile.

"Nilijiambia nisikate. Unajua nilijibiwa nini? 'Nenda zako, kazi yangu naijua.' Nikaenda kukaa nyuma ya makoti." Akafuta uso kwa kanga. "Sikujua kama mimi ni mkaidi hivi."

Kinyozi akainua macho darini. Mimi nilikuwa na jibu, tena sahihi kabisa. Nikalimeza, nikamkumbatia palepale sakafuni.

"Mzee, nina pini kifuani."

"Acha zichome," nikasema, na zikachoma kweli.