Ndoo ya Mwisho ya Merla

Maji yalimwagika kwenye paa la gari dogo aina ya Merla, yakateremka kiooni, yakapita juu ya madigadi, na mzee Ottavio Brusasco akayafuata kwa kiganja. Machoni kwake kulikuwa kumebaki ukungu tu. Daktari alishakataa kumwandikia cheti cha leseni tena.

Ndivyo walivyofanya zamani karakanani, hapo hapo Torino. Gari jipya likishafinyangwa kwa plasta, mfano tu, kabla hata bosi hajaitwa, Ottavio alilimwagia maji. Yakisitasita mahali, basi mstari huo unadanganya. Wanakwangua, wanaanza upya. Alichora magari mengi ya matajiri, mengine vijana wanayaiga mpaka leo. Ila alilobaki nalo mwenyewe ni hili dogo, gari la watu wa viwandani, lililobeba watoto nyuma na godoro juu kila Agosti kwenda baharini.

Leo linaondoka. Kwa nani, hapo ndipo penye kazi.

Bwana mmoja wa Milano alikuwa akipiga simu kila wiki, akitaka kulinunua. Angeliweka ndani, kwenye kiyoyozi, lisiguswe na mtu hadi kiama. Na Nives, mjukuu wake, msusi, alilitaka la kwendea kazini. Nives huyu alishagonga gari la mama yake, akagonga na baiskeli ya padri.

"Baiskeli ilikaa vibaya, babu," alijitetea.

Secondo, fundi bodi aliyegonga kwa nyundo bati la Merla ya kwanza kabisa, alikuwa kitini anatafuna mkate mkavu. "Mpe wa Milano. Huyu binti atakurudishia sufuria."

"Sufuria si ndizo ulizokuwa unagonga kabla sijakuokota?" Ottavio akamjibu.

Secondo akacheka mpaka makombo yakamtoka.

Ottavio akamwaga tena. Akamkumbuka marehemu mkewe, Delfina, ule mwaka Merla zilipoanza kuuzwa. Mvua ilinyesha, kiwanda kikatoa watu wa zamu, na Ottavio akasimama njiani bila mwavuli, anaangalia maji yanavyoteleza juu ya kila Merla inayopita. Delfina akamvuta koti, akamwambia ataugua, watu wanamwona chizi. Kisha naye akasimama kuangalia.

Akakausha mkono kwenye suruali, akatoa ufunguo.

"Huko Milano halitanyeshewa," alisema, akampa Nives.

Nives akaingia garini, akarudi nyuma polepole, kwa adabu zote. Krrr. Nguzo ya geti.

Injini ikazimwa. Nives alibaki ameshika usukani, anaogopa kushuka.

Ottavio akapapasa ukuta mpaka akalifikia gari. Kiganja kikalipata bonde, dogo, kama la kijiko. Akaomba ndoo. Maji yakaja, yakaingia bondeni, yakasita, yakajaa. Kisha yakafurika, yakaendelea na safari yao.

"Nenda, Nives," alisema. "Utachelewa."

Gari likaanza kusogea kinyumenyume. Mzee hakuondoa mkono. Ubavu ukateleza chini ya kiganja chake, mlango, madigadi ya mbele, taa, mpaka kikabaki hewani, kikidondosha maji.